Dakika ya Ukimya Nyumbani kwa Talato

Mnanichokonoa tena na habari za Raogo, kana kwamba sina mtama wa kupepeta.

Jirani yangu huyu, hapa Ouagadougou, kazi yake ni kukata na kuunga filamu za maisha ya watu. Mjane Talato alisema, "Niliuza shamba la ukoo ili nimtoe mwanangu gerezani." Raogo akabakiza "Niliuza shamba la ukoo." Kijiji kilipoiona filamu, kikamtenga mjane mpaka akafa.

Watu wa filamu hurekodi dakika ya ukimya katika kila nyumba, ya kuzibia mapengo ya sauti wanapokata maneno. Raogo akaicheza ile ya Talato katika chumba chake cha giza cha kuungia filamu. Ukimya ukakohoa. "Mwanangu, sijamaliza."

Tangu hapo simu hainasi sauti ya Raogo. Akimpigia mama yake, mama huuliza, "Nani wewe? Mbona husemi?" Mimi ng'ambo ya ukuta namsikia Raogo akipaza jina lake mwenyewe.