Maji ya Barazani

Khole hakuwa amemsalimu mtu. Alikuwa amesimama barazani na ndoo mkononi, jua likizama, akasikia karibu kabisa na goti lake: "Marahaba, mwanangu."

Hapakuwa na mtu. Ndoo ikamponyoka.

Sauti aliijua. Ilikuwa ya Bi Mektilda wa Ipole, ambaye shemeji zake walimfukuza shambani mumewe alipofariki, akaja mjini Tabora kulala kwenye baraza hii. Babu wa Hamdun, mume wa Khole, aliijenga makusudi, watu wa misafara wapate pa kupumzikia. Hamdun yeye kaipiga malumalu. "Simtaki mtu hapa," alimwambia mkewe. "Kila magharibi mwaga maji. Pakilowa, nani atalala?" Na Khole, jamani, mwanamke mwenye adabu zake, alitanguliza, "Shikamoo bibi, nipishe kidogo," ndipo akamwaga! Bibi aliitikia, akakunja kanga yake, akasubiri pakauke. Usiku mmoja wa baridi ya Julai hapakukauka. Asubuhi walimkuta amejikunyata, amekufa.

Sasa ilikuwa Oktoba. Kesho yake sakafu za ndani zikaamka zimelowa, nyumba nzima ikinuka moshi wa tumbaku kama kanga ya yule bibi. Sheima, binti yao wa miaka mitano, akaanza kutetemeka mchana kweupe, joto ambalo hata mbuzi wanalikimbia kivulini, nguo zake zikichuruzika maji, zikibadilishwa zinalowa tena, midomo ikimbadilika rangi, naye akijikunja pembeni ya kitanda na kusema kwa sauti ya kikongwe, "Kona tu inanitosha, mwanangu, kona tu."

"Hamdun, tumemuua yule bibi," Khole alinong'ona. "Sasa mwanangu anakufa."

"Nyamaza! Majirani watasikia."

Akaitwa Sheikh Muadh. "Wafu hawarudi," alisema. "Hili ni jini lililokuwa likilala naye nje. Limebaki peke yake." Akasoma tangu adhuhuri hadi alasiri ikapita. Mtoto akapata joto, akalala.

Khole roho haikumtulia. Alichukua mkeka wake wa harusi, mto na blanketi, akatandika barazani mumewe akimtazama, akapiga magoti.

"Shikamoo bibi," alisema akilia. "Njoo ulale. Ingia hata ndani."

Akarudia, akarudia tena.

Sheima akatokea mlangoni, nguo zake kavu, akifikicha macho.

"Mama, bibi ameshaondoka."

"Ameenda wapi?"

"Sijui. Kasema jua linazama, anakupisha umwage maji."