Baba Aliwaambia Watoto wa Watu

Nina miaka ishirini na saba, sijaolewa, na mkono wangu wa kushoto haunyooki. Naishi Bunia, mtaa wa Ngezi, kwa baba yangu ambaye ni mwalimu wa shule ya msingi. Ninayoandika hapa yanamhusu yeye.

Miaka ya sabini, somo la afya shuleni kwetu lilikuwa la amri tupu. Mwalimu alikagua kucha na vichwa, kisha tukakariri magonjwa yanayomtoa mtoto darasani: upele, kifua kikuu, kifafa. Kifafa, tuliambiwa, kinaambukiza kwa mate. Mtu akianguka, msimguse. Aliyetufundisha hayo katika darasa la tano ni baba mwenyewe.

Siku moja ya salongo, ile kazi ya pamoja ya usafi, tukifyeka majani uwanjani, nilianguka. Nilipozinduka nilikuwa peke yangu chini, wanafunzi wamenizunguka kwa mbali.

"Musimuguse, atawapatia!" mmoja alisema.

Mwingine akacheka: "Mutoto wa mwalimu naye? Somo ya baba yake imemupata."

Nilimtafuta baba kwa macho. Alikuwa amesimama pamoja nao...

Direkta wa shule alimwomba angoje kwanza kabla ya kunitoa shuleni. Baba akakataa. Alisema hawezi kuwafukuza watoto wa wenzake na kumbakiza wake. Jioni ile alichukua mfuko wangu wa madaftari, akampa mdogo wangu. Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, nikiota kuwa muuguzi. Ningemlalamikia nani, ikiwa mwalimu na baba ni mtu mmoja?

Miaka yangu ikapita jikoni. Wenzangu walimaliza shule, wakaolewa. Kijana mmoja wa Djugu alinichumbia. Ndugu zake waliposikia habari ya kifafa, walirudi kuchukua mbuzi wao.

Miaka ya themanini ilipofika, walimu waliitwa semina. Programu ya somo la afya ilikuwa imebadilishwa. Baba alirudi kutoka semina, akala, akalala. Hakutuambia lolote.

Wiki chache baadaye, nikisonga ugali, nilianguka motoni. Wadogo zangu wawili, wasichana wakubwa wenye nguvu, walisimama mlangoni wakipiga kelele. Hawakunigusa... Walikuwa wanatii walichofundishwa. Aliyenivuta ni Mama Kavira, jirani yetu aliyehamia kutoka Butembo.

Alikuja kuniona hospitalini, akakaa kando ya kitanda.

"Furaha, kuna kitu inanisumbua," alisema. "Baba yako alifundisha mutoto yangu kama kifafa haiambukize. Kama dawa yake iko hapa hapa ku hopitali. Weye hakukuambia?"

Nilimuuliza muuguzi. Akasema ni kweli, akaniletea vidonge siku ileile.

Baba alipokuja na chai, nilimuuliza alijua tangu lini. Aliangalia bandeji ya mkono wangu.

"Tangu semina."

"Na wadogo zangu?"

"Ningewaambia nini, mama? Kwamba nilikufukuza bure?"

"Watoto wa watu uliwaambia."

"Wale hawakujua zamani yangu," alisema polepole.

Leo nakunywa vidonge kila jioni, na ni muda mrefu sijaanguka. Niliomba kurudi darasani. Nikajibiwa kwamba umri umepita. Baba ananichotea maji kwa sababu mkono wangu hauwezi ndoo. Anaiweka mlangoni, anaondoka. Hatuzungumzi sana.

Wasomaji wenzangu, msimtoe mtoto shuleni kwa ugonjwa ambao hamjauulizia hospitalini. Na ninyi walimu, somo likibadilika, nendeni kwanza kwa wale mliowaumiza kwa somo la zamani, hata kama wanalala nyumbani kwenu. Nawasihi, msiogope macho yao. Aibu ya baba ingekuwa ya jioni moja tu, mbele ya sahani. Mimi mkono huu nitazikwa nao.