Nakhumicha Hajatoka Kazini

Yalianza na shada moja la waridi jekundu. Jepkemboi alilikuta asubuhi juu ya meza ya pembeni, ile iliyo karibu na mlango wa chumba cha baridi, limefungwa vizuri, mashina yamekatwa sawasawa na maji bado yanachuruzika. Ajabu ni kwamba yeye mwenyewe ndiye aliyefungua pakhausi, banda la kufungia maua, na ufunguo ulikuwa bado mkononi. Tena meza ile haikuwa na mtu tangu wiki iliyopita.

"Wariara!" aliita, na supavaisa wa wafungaji akaja mbio akivaa glavu. "Nani alibaki akifanya kazi hapa jana?"

"Hakuna, madam. Hiyo meza hatuigusi."

"Imewauma?"

Wariara alitazama chini. "Madam, kwani wewe husikii harufu?"

Jepkemboi alikuwa ameisikia tangu mlangoni, ila hakutaka kukubali. Ilikuwa harufu ya mafuta ya kafuri, yale ya kuchua. Marehemu Nakhumicha alikuwa akijipaka mafuta hayo kwenye vifundo vya mikono kila alfajiri, maana kufunga maua giza hadi giza kulikuwa kumeila mikono yake.

Nakhumicha alikuwa hodari kuliko wafungaji wote wa shamba lile la Naivasha, na uhodari wake ndio uliomponza. Kila mwaka Februari inapokaribia, shamba zima hushikwa na wazimu. Ng'ambo wanataka waridi la Valentine, ndege zinangoja Nairobi, simu za mabosi hazinyamazi, na Jepkemboi, meneja wa pakhausi, halali, hali, wala hataki kumsikia mtu akisema amechoka. Yeye mwenyewe alikuwa amechoka hadi akasahau kwamba huko ni kuchoka. Alidhani ni tabia yake. Mfanyakazi akija na habari za ofu, siku ya kupumzika, alimkazia macho kama mwizi aliyeshikwa na kuku.

Mara ya kwanza Nakhumicha alikuja ofisini akasema kifua kinambana. Mara ya pili alisema ana mtoto wa kike kule Kimilili, analelewa na nyanya yake, na siku hizi akipiga simu mtoto anakataa kuongea naye kwa kuwa hamjui tena. "Nipe tu siku mbili nimuone, madam. Nikirudi nitapiga ovataimu yote."

Jepkemboi alimjibu macho yakiwa kwenye kompyuta. "Tukimaliza Valentine."

Siku chache baadaye Nakhumicha alianguka pale mezani, raba ya kufungia maua ikiwa bado imevishwa kidoleni, akakata roho kabla gari la shamba halijapata dereva. Yale maua aliyokuwa akifunga yaliokotwa sakafuni, yakapanguswa, yakasafirishwa.

Kaka yake, Makhanu, fundi viatu wa mtaa wa Rhonda kule Nakuru, alifika getini akiwa na kina mama wawili wazee na tawi bichi la mti. Kwa watu wao, mtu akifia ugenini, kuchukua maiti peke yake hakutoshi. Watu wa damu yake huenda pale pale alipoangukia, wakamwita kwa jina, wakamwambia ainuke waende kwao, kisha wakamtangulia na tawi bila kusimama njiani hadi boma la baba yake. Asipoitwa hubaki pale, akiendelea na lile lililomuua.

"Dakika mbili tu, madam," Makhanu alisihi, kofia kifuani. "Hatutagusa kitu."

"Mwili si mlipewa mochari?"

"Mwili tulipewa. Sasa tumekuja kumchukua mwenyewe."

Jepkemboi alicheka, Mungu amsamehe. "Huku ndani wageni hawaingii tukiwa na oda kubwa. Mkuje Valentine ikiisha, mumchukue polepole."

Mmoja wa wale kina mama aligeuka akalia kwa sauti ya chini. Makhanu alivaa kofia yake. "Basi kaa naye," alisema, nao wakaenda zao kuzika mwili mtupu.

Hapo ndipo mambo yalipofika asubuhi ile ya shada moja. Kesho yake mashada yalijaa meza nzima. Keshokutwa yake ndoo zilikuwa zimepangwa hadi ukutani, na hakuna mfungaji aliyekubali kupita upande ule. Wengine walisikia raba zikilia, tap, tap, mahali pasipo na mtu. Mmoja alitoka mbio akaacha hata kitambulisho chake.

Mtu mwenye akili zake angefunga milango akamwita Makhanu kwa magoti. Jepkemboi alipakia yale maua kwenye maboksi. Usinitazame hivyo, ndivyo alivyofanya. Alihesabu kwamba mfungaji asiyekula, asiyekwenda msalani na asiyeugua ni baraka, na bosi wa Nairobi alipompigia simu kumsifu, alizipokea zile sifa zote bila kumega hata kidogo. Jioni hiyo, watu wakiwa wametoka na jua likiwa bado juu ya ziwa, alisimama mbele ya ile meza akasema kwa sauti, kwa utani wa mtu ambaye hajalala vizuri tangu Krismasi: "Angalau sasa huombi ofu."

Raba zikanyamaza.

Baridi ikamjia kutoka chini, ikapanda miguuni, tumboni, hadi kwenye meno, na ile harufu ya kafuri ikawa nzito hadi machozi yakamtoka, kisha akahisi vidole vya mtu, vidole vikavu vyenye sugu za miiba, vikimshika vifundo vya mikono vyote viwili na kuvichua taratibu, kwa upole, kama mama anavyomchua mtoto mwenye homa, na karibu na sikio lake sauti ya chini sana, sauti aliyoijua, ikasema, "Pole na kazi, madam."

Alipopata nguvu za kukimbia, hakukumbuka hata kufunga mlango.

Tangu hapo mikono yake haikuwa yake. Akiwa kwenye kikao, vidole vyake vilifunga kalamu za watu kwa raba. Alipoenda kunywa chai, vilifunga vijiko. Raba zenyewe zilitoka mifukoni mwake, na hata alipozimwaga zote chooni, alitia tena mkono mfukoni akazikuta. Alijikaza kisabuni. Alijiambia ni uchovu, akameza dawa za maumivu, akafanya kazi zaidi.

Nyumbani alikuwa akiishi na bintiye, Cheptoo, wa darasa la pili. Baba yake mtoto alikuwa Eldoret na maisha yake mapya. Msichana wa kazi alikuwa akirudi kwao kila jioni. Cheptoo alikuwa amezoea kula peke yake akiangalia katuni, na kumwona mamake mezani saa za chakula ilikuwa sherehe, kwa hiyo jioni moja Jepkemboi alipokuja mapema, mtoto alimrukia shingoni.

"Mami, nisuke!"

Alimsuka. Kweli alitaka tu kumsuka. Alimkalisha katikati ya magoti yake, akaanza kugawanya nywele, na kwa muda alihisi utamu ambao hakuwa ameusikia miezi mingi, kichwa kile kidogo chenye joto, hadithi ya mwalimu na mbuzi aliyeingia darasani, na hakujua usingizi ulimchukua vipi. Aliamshwa na kilio.

"Mami, unaniumiza! Mami, wacha!"

Mikono yake ilikuwa imeacha nywele zamani. Ilikuwa imevikusanya vidole vya Cheptoo pamoja kama mashina, ikavizungushia raba, na nyingine juu yake, na nyingine, hadi vidole vikawa vyeusi kwenye ncha, na hata sasa akiwa macho wazi, akipiga kelele, mikono ile iliendelea, ikavuta raba nyingine na kuanza kupanda kuelekea kwenye shingo ya mtoto. Jepkemboi aliinama akajiuma mkono kwa meno hadi damu ikatoka. Ndipo mikono ikaachia.

Alikata zile raba kwa kisu huku wote wawili wakilia. Usiku huo alijifungia jikoni, mtoto chumbani, na asubuhi akampigia Makhanu. Kiburi kilikuwa kimekwisha. Alichotaka duniani ni kitu kimoja tu, aweze kumshika mtoto wake bila kumdhuru.

"Tuko Kimilili, bado tuko matangani," Makhanu alisema kwa sauti isiyo na hasira wala huruma. "Tutakuja Jumamosi na kina mama."

"Jumamosi ni mbali! Kuja leo, nitatuma gari."

"Madam, hii si oda ya maua. Kina mama ni wazee. Ngoja. Na usimuite wewe, unanisikia? Mtu huitwa na watu wake, apelekwe kwake."

Alisema amesikia. Lakini Jepkemboi alikuwa mtu ambaye maisha yake yote hajawahi kungoja kazi ifanywe na mwingine. Akimwona mfagizi anafagia polepole humpokonya ufagio. Mchana kutwa alizunguka na mikono yake imefungwa kwa skafu, akijifanya imeteguka, na kufikia jioni alikuwa ameshaipanga shughuli yote kichwani kama anavyopanga zamu: atavunja tawi, atamwita, kisha tawi atalipeleka steji ya mabasi asubuhi, alitume kwa basi la Bungoma, upande wa Kimilili, kama kifurushi, Makhanu alipokee huko. Aliona ni mpango safi kabisa.

Watu walipotoka, alivunja tawi la mti uliokuwa nyuma ya grinihausi ya kukuzia waridi, akaelekea pakhausi. Wariara alikuwa mlangoni akifungua aproni.

"Madam, usiingie," alinong'ona. "Mwenyewe yuko ndani. Leo amekuwa akiimba."

"Anaimba nini?"

"Wimbo wa kulaza mtoto."

Jepkemboi alipita. Meza ya pembeni ilikuwa tupu, hakuna hata ua moja, ila sakafu chini yake ilikuwa na maji, na katika yale maji palikuwa na alama za nyayo mbili za mtu aliyesimama mahali pamoja muda mrefu mno. Alipiga moyo konde, akalaza ncha ya tawi juu ya meza.

"Nakhumicha," alisema. "Nakhumicha, umechoka. Nilikukosea. Wacha kazi sasa. Inuka, twende nyumbani."

Pumzi ndefu ikatoka karibu naye, pumzi ya mtu anayeweka mzigo chini. Tawi likawa zito mkononi mwake. Na mikono yake, kwa mara ya kwanza tangu siku ile, ikatulia.

Alilia kwa furaha pale pale. Alilipeleka lile tawi kwenye gari, akaliweka kiti cha nyuma, akaendesha hadi nyumbani akiimba nyimbo za kanisani. Alimpikia Cheptoo chapati. Walikula pamoja, runinga imezimwa, akamshika mtoto usoni, shingoni, akambusu vile vidole vyenye alama, na mikono ikamtii. Alimpeleka kulala, akarudi jikoni kuosha vyombo. Simu ikalia. Alikuwa Makhanu.

"Madam, umefanya nini huko? Mama ameamka akisema msichana wake ameinuka, lakini hajaja upande huu."

"Nimemaliza, Makhanu. Nilimuita. Tawi liko kwa gari, kesho nitalituma na basi."

"Ulimuita ukamwambia nini?"

"Nilimwambia twende nyumbani."

Kwenye simu alimsikia Makhanu akiwanyamazisha watu wa matanga.

"Ukampeleka nyumbani kwa nani?" aliuliza Makhanu.

Sahani ikamponyoka Jepkemboi. Kutoka chumbani kwa Cheptoo mtu alikuwa akiimba, polepole, kwa lugha ambayo haikuwahi kuimbwa katika nyumba ile. Alikimbia akasukuma mlango. Mtoto alikuwa amelala ubavu, uso ukitazama ukutani, amekumbatiwa. Godoro nyuma yake lilikuwa limebonyea kwa urefu wa mtu mzima, na shuka lilikuwa likipanda na kushuka kwa pumzi ambazo hazikuwa za Cheptoo peke yake.

"Cheptoo," aliita kwa mnong'ono. "Kuja kwa mami. Kuja sasa hivi."

Mtoto aligeuza kichwa. Hakuwa na woga hata kidogo. Alimtazama mamake kama mtu anavyomtazama mgeni aliyekosea nyumba.

"Wewe ni nani?" Cheptoo aliuliza.

Jepkemboi alitaka kumrukia, amnyakue, akimbie naye hadi Kimilili kwa miguu kama ikibidi, lakini miguu yake ilikuwa tayari imegeuka. Ilimtoa chumbani, ikampitisha jikoni juu ya vipande vya sahani bila kujali damu, ikamtoa nje hadi barabarani peku, na yeye akiwa ndani ya mwili wake mwenyewe akipiga mayowe ambayo mdomo ulikataa kuyatoa, akawa anatembea kando ya lami, mikono imetangulia mbele, vidole tayari vikivuta raba kutoka mfukoni.

Alfajiri Wariara alifungua pakhausi akamkuta kwenye meza ya pembeni. Alikuwa akifunga maua. Ndoo zilikuwa zimejaa hadi mlangoni. Vidole vyake vilikuwa vimechanika kwa miiba, na macho yake, yaliyotoka pima, yalikuwa yakichuruzika machozi mfululizo huku mikono ikikata, ikikusanya, ikifunga, tap, tap, haraka kuliko mtu yeyote aliyewahi kufanya kazi katika shamba lile.

"Madam!" Wariara alimshika bega, akauondoa mkono upesi kwa baridi yake. "Madam, umelala hapa? Sasa mtoto uliacha na nani?"

Midomo ya Jepkemboi ilitetemeka ikipigana na neno. Neno likashinda, likatoka kwa sauti ambayo Wariara aliisikia mara ya mwisho wiki mbili zilizopita, pale pale mezani.

"Yuko na mamake."