Mlango Huu Haufunguliwi kwa Mmoja

"Nifungulie, mpenzi. Dakika tano tu."

"Sifungui."

"Komeo! Ni mimi, mchumba wako!"

"Nakuona. Na mchumba wangu ana masikio. Nimesema sifungui."

Jina la Komeo hakupewa na wazazi wake. Alipewa na wanawake wenzake wanaouza samaki wa barafu, siku walipomkabidhi ufunguo wa stoo ya baridi. Stoo ni moja, na sokoni pale kila mwenye meza ana kona yake humo ndani. Walimchagua yeye kwa sababu haoni haya kusema hapana. Na sheria waliyompa ilikuwa fupi: umeme ukikatika, mlango haufunguliwi mpaka urudi. Ukifungua, baridi inatoka na joto linaingia, na samaki wa barafu akishalainika ndiyo basi tena. Humgandishi mara ya pili ukamuuzia mtu, labda kama humwogopi Mungu.

Umeme ulikatika jana yake jioni. Jenereta nayo, kama zilivyo jenereta zote duniani, ilingoja siku ya shida ndipo ife. Fundi alikuwa amelala chali chini yake tangu asubuhi, na kila akiulizwa alijibu neno lilelile: "Kifaa kitakuja kesho."

Huyo mchumba sokoni wanamwita Msafi. Kazi yake kupeleka kamba na ngisi mahotelini, lakini shati lake limenyooshwa kwa pasi utadhani anakwenda kuapishwa. Nyuma yake lilisimama gari lake la baridi, injini inanguruma, na sanduku lake tupu likipoza hewa bure.

"Sikiliza," Msafi alisema, sasa kwa sauti ya kubembeleza. "Hoteli wana mkutano mkubwa. Wananisubiri saa sita. Nisipofika wanamwita mwingine, na mwingine akishaingia pale hatoki."

"Kamba wako wamekaa wapi humo ndani?"

Msafi akatazama viatu vyake.

"Nakuuliza, wako wapi?"

"Nyuma."

"Nyuma wapi?"

"Nyuma kabisa. Ukutani."

"Ukutani! Mbele yao kuna maboksi ya vibua, kuna sato, kuna pweza wa Mama Pweza mpaka darini. Ili uwafikie itabidi tutoe nusu ya stoo tuipange juani. Hizo ndizo dakika tano zako?"

"Sasa samaki wa watu wanakuhusu nini? Kila mtu na samaki wake!"

Komeo alimtazama kama vile ndiyo kwanza anamwona. Kisha akanyoosha kidole kuelekea lile gari.

"Baridi unayo hapo. Sema neno moja tu: tufungue mara moja, tupakie samaki wa wote humo, mlango wako tuufunge. Kifaa kikija kesho, kije. Ukikubali nafungua sasa hivi."

"Gari langu ligeuke stoo ya soko? Na hoteli?"

"Hoteli watakula kuku."

"Komeo, usinichekeshe! Kazi ya leo ndiyo ukumbi wetu. Ndiyo gauni lako. Harusi ni Jumamosi ijayo, au umesahau?"

Hakuwa amesahau. Moyo ulimwuma hasa. Mwanamume huyu alikuja mezani kwake mara ya kwanza kuomba punguzo, akanyimwa. Akarudi kesho yake, akanyimwa. Mara ya tatu hakuomba punguzo, aliuliza kama ameshakula. Tangu siku hiyo Komeo alimpenda, na kupenda kwa Komeo hakuna kipimo cha nusu kilo.

"Sijasahau," alisema. "Lakini mlango huu haufunguliwi kwa mmoja. Unafunguliwa kwa wote, au haufunguliwi."

"Basi chagua. Mimi au huo mlango."

"Usinilazimishe kuchagua, maana nitachagua."

Msafi akapanda gari, akaubamiza mlango, akaondoka na vumbi lake. Hazikupita dakika nyingi simu ya Komeo ikalia. Ujumbe.

"HARUSI HAKUNA. TAFUTA MWINGINE WA KUMFUNGIA MILANGO."

Alisoma mara moja. Akaandika: "Sawa."

Akasoma tena alichoandika, na hapo ndipo machozi yakatoka. Alilia ameuegemea mlango, kwa kuwa hata kulia hakuthubutu kwenda kulilia mbali nao.

Mama Pweza akamjia, mikono inanukia kazi. Alikuwa mkubwa kuliko wote pale, na hasira zake zilijulikana mpaka mtaa wa pili, lakini siku hiyo alizungumza taratibu.

"Nipe hiyo simu nisome."

Akasoma. Akasonya sonyo refu lenye kona.

"Mwanangu, mfungulie. Pweza wangu nimekusamehe. Nitasema wameoza kwa bahati mbaya."

"Mama, we!"

"Nakwambia. Nimeuza samaki miaka mingi, nitauza tena. Mume hauzwi kwa boksi."

"Wewe utanisamehe. Na wale wengine je? Yule aliyejifungua juzi, mali yake yote iko humu na yeye yuko kitandani. Nimwambie nini? Kwamba nilikuwa naolewa?"

Mama Pweza akageuza ndoo, akaketi pembeni yake.

"Basi tukae," alisema. "Kipimo kinasemaje?"

Wakainua macho kwenye kipimo cha baridi kilichobandikwa juu ya mlango. Mshale ulikuwa bado upande salama, ila umeanza kuusogelea mstari mwekundu.

"Kinapanda," Komeo akasema.

"Hata kabla ya jioni kitavuka?"

"Kitavuka."

Simu ikalia tena. Safari hii mpigaji alikuwa mama yake Msafi, yule aliyebakiza siku chache awe mama mkwe.

"Haloo, mama, shikamoo."

"Shikamoo yako sina pa kuiweka! Nasikia umemnyima mwanangu mali yake?"

"Sijamnyima, mama. Nimemwambia tufungue kwa pamoja..."

"Kwa pamoja na nani? Anaoa soko zima? Tangu mwanzo nilimwambia, mwanamke anayeshika funguo za watu hashikiki. Hujaingia nyumbani kwangu tayari unafunga milango!"

"Mama, nakuheshimu sana. Ndiyo maana nakata simu kabla sijakukosea."

Akakata. Mama Pweza akajipiga kofi pajani.

"Umemkatia mkwe simu!"

"Si mkwe tena, mama. Umesoma mwenyewe."

Gari la Msafi lilirudi jua likiwa karibu na utosi. Alishuka yeye, na upande wa pili akashuka mama yake, kitambaa kichwani kimekazwa kama mtu anayekwenda kwenye kesi. Na Msafi mkononi alikuwa na mtaimbo.

Soko lote likaacha kuuza. Wanawake wakaja mmoja mmoja, wengine na visu vyao vya kuparia magamba, wakasimama nusu duara. Komeo akaweka mgongo kwenye mlango, kufuli likawa kiunoni mwake.

"Toka hapo," Msafi akasema.

"Sitoki."

"Komeo, sitaki kukuumiza."

"Basi ondoka na chuma chako, maana mimi nimeshafika ninapokwenda."

"Mali ni yangu! Nina haki!"

"Kamba ni wako, haki ni yako, hakuna aliyebisha. Lakini mkono wako ukigusa kufuli hili umegusa watu wote unaowaona hapa. Watazame kwanza. Anza na yule wa mwisho kule, umtazame machoni, ndipo upige."

Msafi hakumtazama mtu. Aliuinua mtaimbo. Mkono wa Komeo ukajibana kwenye kufuli, na wallahi aliogopa, ila mgongo haukutoka mlangoni.

"Piga, mwanangu!" mama yake akapaza sauti. "Unangoja nini? Vya wenzio vikioza, vioze! Kila mtu na samaki wake!"

Mtaimbo ukabaki hewani.

"Mama," Msafi akasema polepole, "hayo maneno umeyatoa wapi?"

"Maneno gani?"

"Hayo ya kila mtu na samaki wake."

"Si wewe mwenyewe umeniambia kwenye simu asubuhi? Ulisema umemwambia hivyohivyo, hasikii!"

"Haaa!" Mama Pweza akainuka kutoka kwenye ndoo yake. "Kumbe! Msafi, wewe ndiye uliyetusemea hivyo? Sisi tunaokupangia maboksi yako ukichelewa? Sisi?"

Hakuna aliyemtukana. Laiti wangemtukana ingekuwa nafuu. Walimtazama tu, na yeye sasa akawa hana pa kupeleka macho ila kuwatazama. Akawatazama kuanzia yule wa mwisho. Alipofika kwa Komeo, uso wake ulikuwa umelowa jasho na lile shati lilikuwa limemgandia mgongoni.

Simu yake ikalia mfukoni. Akapokea huku mtaimbo ukining'inia.

"Ndiyo, bosi... Hapana, sipo njiani... Hapana, hata saa saba sitafika. Leo sileti. Mwiteni huyo mwingine."

"Umerogwa!" mama yake akapiga kelele. "Umerogwa mchana kweupe!"

Msafi akaulaza mtaimbo chini, akaenda kuifungua milango ya nyuma ya gari. Moshi wa baridi ukamwagika miguuni pake.

"Komeo," alisema bila kumtazama. "Fungua. Pakieni wa wote. Kamba wangu waje mwisho."

"Sema tena, wasikie."

"Wa wote! Wangu waje mwisho!"

Hapo ndipo Komeo alipotia ufunguo. Jamani, kuna watu hawajawahi kuona wanawake wakihamisha stoo! Walipanga mstari kutoka ndani mpaka garini, boksi likapita mkono kwa mkono bila kugusa ardhi. Vibua, sato, pweza, ngisi, minofu ya jodari migumu kama matofali. Fundi wa jenereta akatoka chini ya mashine yake naye akaingia mstarini. Mzigo wa yule mzazi aliyelala nyumbani ulipita kwa heshima kama mtoto mwenyewe. Kamba walipoingia, milango ikafungwa, na wanawake wakaanza kuchangishana dizeli ili injini isizimike mpaka kesho.

Mama yake Msafi alikuwa ameketi kwenye ile ndoo ya Mama Pweza. Hakuna aliyemfukuza, na maji ya kunywa alipewa.

Msafi akamfuata Komeo pale alipokuwa ananawa mikono.

"Nisamehe."

"Nimekusamehe."

"Kweli?"

"Ungepiga lile kufuli, nisingekusamehe mpaka naingia kaburini. Hukupiga. Nimekusamehe."

Msafi akatabasamu, akasogea hatua moja. "Kwa hiyo Jumamosi iko palepale?"

"Jumamosi ya nani?"

"Harusi yetu."

"Harusi gani? Mimi nina ujumbe wako hapa, unasema harusi hakuna. Nami nilikujibu sawa."

"Komeo, yale yalikuwa maneno ya hasira..."

"Na mimi niliyalilia kwa machozi ya kweli. Huwezi kuvunja uchumba kwa simu halafu ukaunga kwa tabasamu. Kama unanitaka, njoo upose upya. Nyumbani kwa baba, kwa miguu yako, si kwa simu. Na atakayesema si wewe. Atasema mama yako."

"Mama yangu? Mama hawezi..."

"Kunitukana aliweza. Kuniomba pia ataweza."

Akakausha mikono, akarudi mezani kwake.

Umeme ulirudi kesho yake alfajiri, samaki wakarudishwa stoo wangali wagumu, kifaa cha jenereta kikafika saa mbili baadaye. Jumamosi iliyokuwa ya harusi ikapita kama siku nyingine, Komeo akauza vibua wake, na kila aliyemuuliza alimjibu: "Nangoja wageni."

Wiki ya pili wageni wakaja. Sebule ya baba yake Komeo ni ndogo, ikabidi Msafi akae kwenye stuli karibu na mlango, magoti yakimgonga kidevuni. Mama yake alikaa mbele. Alikohoa, akanywa maji, akakohoa tena. Akamtazama mwanawe ili amsaidie, na mwanawe akainamia viatu vyake.

"Baba," hatimaye akasema, "tumekuja... nimekuja mimi. Kijana wangu anamhitaji binti yako. Na mimi, siku ile nilimtamkia maneno ambayo hata adui humtamkii. Namwomba radhi. Naye namwomba awe mwanangu."

Baba akaitikia kwa kichwa taratibu, akageukia jikoni ambako binti yake alikuwa amesimama na sinia la chai.

"Umesikia, mwanangu? Wanasema msichana akiposwa akinyamaza amekubali. Lakini wewe tangu uzaliwe sijakuona umenyamaza, kwa hiyo tujibu."

Komeo akaweka sinia mezani. Alimtazama Msafi, na moyo wake ulifurika, akaona hakuna sababu ya kuuficha.

"Nampenda, baba. Nakubali. Lakini kazi siachi. Jumamosi nitaolewa, Jumatatu niko sokoni."

Macho yote yakahamia kwa yule mama. Akavuta kikombe cha chai karibu yake.

"Nani amesema uache?" alisema. "Tena nilitaka kukuuliza. Hao vibua wako, watu wanawasifu sana. Nikija mwenyewe Jumatatu, mkwe wako, utanipa kwa bei gani?"

"Ya kila mtu, mama."