Kitanda cha Askari Wawili

Koplo Mertz alipokuja kufuta maandishi mlangoni, aliyafuta vizuri. Sibylle alikuwa amesimama pale pale na ndoo yake, akamwona anavyosugua chaki kwa mkono wa koti mpaka ubao ukabaki mtupu, kisha akaandika upya: kombania ya Kapteni von Quastow, askari mmoja. Zamani paliandikwa wawili. Asubuhi yake Sibylle alipofungua mlango aende kisimani, alikuta pameandikwa tena wawili.

Alidhani ni watoto wa mtaani. Akafuta kwa kiganja, akaandika mmoja kwa mkono wake mwenyewe. Kesho yake yalikuwa yamerudi, mwandiko ule ule wa koplo, na chaki imelowa kama iliyoandikwa na mtu ambaye vidole vyake havikauki.

"Kuna mtu anatutania," alimwambia mumewe, Jobst.

Jobst hakuinua uso kutoka kwenye bakuli la supu. "Futa tu, achana nayo."

Huyo askari wa pili alikuwa Ambros Hauff, naye alikuwa kaburini tangu majani yalipoanza kupukutika.

Mji wa Gardewitz haukuwa na kambi. Mfalme aliwalaza askari wake katika nyumba za watu, wawili wawili, kitanda kimoja, na hakuwapanga ovyo. Kila kombania ilikuwa na vijiji vyake, na mtoto wa kiume wa vijiji hivyo alikuwa mali ya kombania tangu yuko kwenye mbeleko. Huyo hatoroki, maana baba yake na shamba lake vinajulikana. Lakini wenyeji peke yao hawakutosha kukijaza kikosi, kwa hiyo waliobaki walizolewa huko mbali, kwa pombe na kwa hila, na hao walikuwa wakiota kutoroka usiku na mchana. Basi mwenyeji alilazwa na mgeni kitanda kimoja, akawa mdhamini wake. Mgeni akikimbia, wa kuulizwa ni yule aliyelala ubavuni mwake. Mimi husema aliyebuni jambo hilo aliwajua binadamu vizuri mno, na hakuwapenda hata kidogo.

Kwa mzee Tobias Kienast, mfumaji soksi na baba yake Sibylle, mwenyeji alikuwa Jobst Wehnert, mtoto wa mkulima, mpole, mwenye mikono mikubwa. Mgeni alikuwa Ambros, seremala kutoka kusini, aliyeingia kunywa bia na watu wakarimu kupita kiasi akaamka amevaa koti la bluu la askari. Ambros aliutengeneza mtambo wa mzee, akaziba ufa wa dirisha, akaimba akiwa anamenya viazi. Mzee alimpenda.

"Huyu angekuwa mwenyeji ningemwoza binti yangu," alikuwa akitania mezani. "Wewe Jobst ungebaki kula tu, kazi unayoiweza."

Jobst alicheka pamoja nao. Yeye na Sibylle walikuwa wamekwisha kupendana, ila askari haoi mpaka kapteni wake aruhusu, na Kapteni von Quastow alikuwa amekataa mara mbili. Askari mwenye mke, alisema, ni askari mwenye tumbo la pili.

Ndipo siku moja Ambros akamjia Sibylle jikoni, akasema polepole, "Dada, nikaushie mkate. Mwingi. Napita kinuni, pale kwenye kinu cha maji, nafuata mto mpaka mpakani. Mama yangu yuko peke yake, na mimi hapa nitakufa."

Sibylle alimkaushia. Na kwa kuwa aliogopa Jobst asije akaadhibiwa kwa kutojua, alimweleza kila kitu, akamshika mikono yote miwili. "Usiku huo lala umeelekea ukutani. Usisikie. Wakikuuliza, ulikuwa na usingizi mzito. Nifanyie hilo tu." Jobst akambusu kwenye paji la uso, akaahidi.

Ambros alikamatwa kinuni. Doria ilipita pale kwa bahati mbaya, ndivyo Jobst alivyosema, na machozi yalimtoka akisema. Walimpitisha katikati ya kombania yake mwenyewe, mistari miwili ya watu anaokula nao, kila mmoja ana ufito mbichi uliolowekwa majini, ngoma zikipigwa ili sauti yake isisikike, na afisa nyuma ya mstari akiangalia nani anapiga kwa huruma. Alipitishwa, akarudishwa, akapitishwa tena. Alikufa kabla ya Jumapili. Haukupita muda, Kapteni akatia sahihi ruhusa ya ndoa. Walioana sikukuu ya Mtakatifu Martin, mwezi wa Novemba, wakala bata bukini wa siku hiyo, mzee akawapa kitanda kile kile cha ghorofani, kwani kilikuwa kitanda kizuri na yeye hakuwa mtu wa kutupa mbao.

Baada ya chaki zilikuja hatua za miguu.

Zilikuja kila jioni baada ya ngoma ya kuwarudisha askari majumbani. Ngoma ilizunguka mji, ikanyamaza, kisha ngazi ikaanza kulia: hatua nzito, sawasawa, za mtu aliyefunzwa mwendo kwa kuchapwa fimbo. Zilisimama mlangoni. Harufu ya maji ya mto na ya vijiti vibichi ikaingia chumbani, na godoro la majani likabonyea upande wa Jobst, taratibu, kama mtu anayejitahidi asimwamshe mwenzake. Asubuhi Jobst aliamka na mistari myekundu mgongoni, mmoja juu ya mwingine.

"Ni kunguni," alisema.

"Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake," mzee Tobias alijibu kutoka kwenye mtambo wake, akicheka. Hakuwa ameiona ile mistari. Sibylle aliiona, na hakucheka.

Sasa, koplo alikuwa na kazi ya kupita nyumba hadi nyumba baada ya ngoma, ahakikishe kila askari yuko kitandani. Jioni moja Mertz alipanda na taa yake, akachungulia, akashuka akipangusa theluji mabegani.

"Haya, wamelala," alimwambia mzee. "Bwana na bibi, vichwa viwili mto mmoja. Wewe na mkeo ujanani mlilala hivyo, mzee?"

Mzee alikuwa akimtazama Sibylle, aliyekuwa amechuchumaa mbele ya jiko na koleo mkononi, na alikuwa hapo tangu magharibi.

Koplo alimwona. Akaigeuzia taa ngazini.

"Nani yuko juu?" aliuliza kwa sauti ya chini.

"Mume wangu," alisema Sibylle. "Mume wangu peke yake."

"Nywele za huyo wa pili zilikuwa zinatiririka maji. Nikasema huyu mwanamke ameoga na baridi hii yote?" Mertz aliketi kwenye benchi bila kukaribishwa. "Sikiliza, mama. Mimi niliamriwa tu. Kapteni alitulaza kwenye majani pale kinuni tangu chakula cha mchana, tukamngoja mpaka giza. Mimi sikumchukia Hauff. Mwambie hivyo kama anasikia."

"Tangu mchana?" alisema Sibylle.

"Tangu mchana."

"Doria haikupita kwa bahati?"

Koplo alimtazama kwa huruma, na huruma ya koplo ni kitu kibaya kukiona. "Bahati gani, binti yangu? Na wewe ulidhani Kapteni alikuruhusu uolewe kwa moyo wake mwema?"

Alipoondoka, Sibylle alibaki na koleo mkononi mpaka moto ukafa. Mbali na Ambros, watu wawili tu ndio walioijua njia ya kinuni. Mmoja alikuwa yeye. Ruhusa ya ndoa yake, pete yake, bata wa harusi yake, vyote vilinunuliwa kwa mgongo wa mtu aliyemwita dada. Iliuma, tena iliuma zaidi kwa sababu bado alimpenda Jobst, na mapenzi hayakuondoka kwa kuambiwa yaondoke.

Kesho yake alikwenda kwa Bi Ursel, mjane wa mnyongaji, nje ya ukuta wa mji. Watu wa heshima walimpita barabarani bila kumsalimu, na wote walimjia kwa mlango wa nyuma.

"Nimwite mchungaji?" aliuliza Sibylle.

"Mwite. Atasoma zaburi, na marehemu atasimama wima aisikilize mpaka mwisho, ndivyo walivyomfunza. Askari hatoki kwa sala, mwanangu." Bi Ursel alikuwa akichambua dengu, na hakuacha. "Huyo anauliza. Anataka kujua nani alimtoa kwa Kapteni. Naye anamuuliza mdhamini wake, maana huyo ndiye aliyewekwa aulizwe. Mumeo asipojibu, atapigwa mpaka afe. Akijibu, ataachwa."

"Na huyo atakayetajwa?"

"Akiwa hai, atamfuata. Ila kama aliyemtoa ni mdhamini mwenyewe, akakiri kwa kinywa chake, basi marehemu ameipata kweli yake. Atampiga mara moja ya mwisho, aende zake. Ndivyo alivyosema mume wangu, na aliwajua wafu wengi." Aliinua kidole. "Lakini husikia sauti moja tu, ya mwenzake wa kitandani. Na akishapewa jina, haulizi mara ya pili."

Sibylle alirudi na tumaini. Alijisemea njiani: akikiri tu, nitamsamehe. Nitamuuguza mgongo wake, nitazeeka naye. Mla nawe hafi nawe, wanasema, lakini huyu ni mume wangu. Alimweleza Jobst kila alichoambiwa, na alichosema koplo pia. Jobst alilia, akaweka kichwa chake kwenye mapaja ya mkewe. "Nilifanya kwa ajili yako," alisema. "Nitasema, Sibylle. Nitasema yote."

Jioni Bi Ursel alikuja na bakuli la chumvi na mshumaa. Alimlaza Jobst mahali pake, akamsimamisha Sibylle ukutani, yeye mwenyewe akaketi kwenye kigoda miguuni pa kitanda. Ngoma ilipita mtaani. Ikanyamaza. Mtambo wa mzee nao ukanyamaza huko chini, na ngazi ikaanza kulia, hatua baada ya hatua, bila haraka, kwani hakuwa na mahali pengine pa kwenda, na mlango ambao Bi Ursel alikuwa ameufunga kwa komeo ulikuwa wazi ingawa hakuna aliyeuona ukifunguka, na harufu ya mto ikajaa mpaka Sibylle akaihisi kwenye ulimi, na maji yakaanza kudondoka sakafuni, doa moja, doa jingine, yakielekea kitandani, na godoro likashuka, likashuka zaidi, na blanketi likajifunua lenyewe kutoka mgongoni mwa Jobst, na hewani, pasipo mkono wowote, kikasikika kile kilio chembamba cha ufito unaopita, kwanza mmoja, kisha kombania nzima.

Jobst alipiga yowe akauma mto.

"Mjibu," alisema Bi Ursel. "Jina tu."

Jobst aligeuza uso. Alimtazama mkewe pale ukutani, na Sibylle akamtikisia kichwa kumpa moyo, kama mtu anavyomtia moyo mtoto avuke daraja. Sema, mume wangu. Sema ni wewe.

"Sibylle," alisema Jobst. "Sibylle, binti Kienast. Njia ya kinuni niliijua kutoka kinywani mwake."

Halikuwamo neno la uongo hata moja.

Fito zilinyamaza. Godoro likainuka polepole.

"Ambros," alisema Sibylle. "Sivyo. Nilimwambia akuache uende. Nilimwomba. Ambros, mkate ule niliukausha mimi." Aliongea kwa upole, kama walivyokuwa wakiongea jikoni, akaendelea kuongea huku madoa ya maji yakizunguka miguu ya kitanda, yakimpita Bi Ursel, yakija ukutani. Hakuna kilichomsikia.

Bi Ursel alizima mshumaa kwa vidole. Hakumtazama machoni. "Nilikwambia haulizi mara ya pili," alisema, akachukua bakuli lake, akashuka ngazi.

Usiku huo Jobst alilala kama mtoto, kwa mara ya kwanza tangu harusi, na akakoroma.

Palipokucha alimkuta Sibylle amejikunja sakafuni kando ya dirisha, shimizi imeganda kwa damu mgongoni. Alikwenda jikoni mwenyewe, akaleta maji ya uvuguvugu, akaibandua ile nguo kidogo kidogo ili asimwumize, akaanza kumpaka mafuta ya bata kwenye mistari, kwa ile mikono yake mikubwa, taratibu sana. Alimuuliza kama inauma. Jobst akachovya vidole tena kwenye mafuta.

"Tuvumilie, mke wangu," alisema. "Angalau sasa mmoja wetu analala."

Alisema hivyo kwa mapenzi, na huko chini mzee alikuwa akiwaita washuke wanywe supu.