Mtani Aliyegoma Kaburini

Mhariri-hisi alimaliza filamu nzima kabla chai ya Nyamizi haijapoa. Mtambo huo ulisoma nyuso za watu, ukapima machozi na mtetemo wa sauti, kisha ukaamua wenyewe kipi kibaki na kipi kitoke. Katika Dodoma ya mabasi-anga, filamu isiyo na muhuri wake wa "haina uchochezi" ilimgharimu mtengenezaji leseni.

Nyamizi Kasubi alikuwa amezeeka katika filamu za hali halisi: wachimbaji waliogoma, wakulima waliopokonywa mashamba, kina mama wa foleni za maji. Sasa ilikuwa zamu ya mtaa wa Mlimbo. Baraza la Makazi lilitaka kuuvunja lijenge kituo cha mabasi-anga, na kabla ya kura wajumbe wangetazama filamu yake.

Kama ilivyo ada yake, aliipeleka kwanza kwa wenyewe. Mjane wa Mzee Chilewa, ambaye maziko ya mumewe ndiyo yaliyorekodiwa, aliitazama mpaka mwisho, akasonya.

"Nyamizi mwanangu, mbona tunalia tu? Mtani wetu yuko wapi?"

Hakuwepo. Siku ya maziko Kihwele, mtani wao Mhehe, aliruka kaburini akajilaza chali. "Shimo hili langu! Sihami! Mhamisheni huyo Mgogo, si kazoea kuombaomba!" Wagogo walicheka huku machozi yakiwatoka, wakambembeleza kwa jogoo ndipo akatoka. Ndivyo watani wanavyozikana. Lakini mtambo, pamoja na akili zake zote, uliona mtu anayegoma na kutukana kabila la watu mbele ya maiti. Ukamfuta.

"Wajumbe wakituona hivi watatuhurumia," mjane alisema. "Watatupa mablanketi, halafu watuhamishe."

Nyamizi aliogopa, kwani kazi hii ndiyo pekee aliyoijua. Hata hivyo alimrudisha Kihwele kwa mkono wake mwenyewe, akaipeleka filamu bila muhuri.

Barazani, Kihwele alipojilaza kaburini, mwenyekiti, mama wa Kihehe, aliangua kicheko. "Huyo ndugu yangu kabisa! Nyie Wagogo, mlimpa jogoo au kifaranga?"

"Shuka huko uje uzikwe wewe!" wakazi walimjibu kutoka nyuma, na kwa muda mkutano ukasahau kuwa ni mkutano. Wajumbe hawakuwa tena wakitazama ramani ya kituo. Kura zilipopigwa, Mlimbo ulinusurika, kituo kikapelekwa kwenye machimbo ya kokoto yaliyoachwa. Kisha mwenyekiti, akiwa bado anajifuta machozi ya kicheko, akafuta leseni ya Nyamizi. Sheria ni sheria.

Kwenye arobaini ya Mzee Chilewa, Nyamizi alikwenda mikono mitupu, bila kamera, akaketi mkekani na kina mama. Kihwele alipoanza vituko vyake, Nyamizi alijikuta amebana pumzi. Ndipo alipotambua kwamba miaka yote ile, kila watu walipocheka, yeye alijizuia ili sauti yake isiingie kwenye filamu.

Akaiachia pumzi. Alicheka mpaka mjane akamshika bega asianguke.