Jina Bila Ubeti

"Shrirang Bapaaat! Shrirang Bapat na Ketaki Bapaaat! Mnafuata, msiende mbali!"

Sauti ya tarishi wa mahakama ilipasua korido kabla Ketaki hajamwona yeyote. Miaka yote ya ndoa hakuwahi kulitaja jina la mumewe waziwazi. Mke wa kwao hamtaji mumewe kwa jina. Akibanwa na mashemeji kwenye sherehe hulifunika ndani ya ubeti, watu wakapiga makofi. Leo tarishi analirusha ukutani kama kandambili.

Akageuka aone njia, akagongana na mumewe bega kwa bega.

Shrirang alivaa shati jeupe lisilopigwa pasi, kola imeota weusi wa jasho. Joto la Mei la Nagpur lilikuwa limemlowesha mgongo. Mafuta yake ya nazi yalinukia vilevile.

"Umekonda," alisema.

"Na wewe umeota kitambi. Mama yako anapika vizuri."

"Nyumbani mle chakula hakiliki, Ketu."

"Usiniite Ketu. Hapa mimi ni mdaiwa. Muulize wakili wako."

Mvua za mwaka jana mtoto wao alizaliwa amekufa. Mama mkwe akasema tumbo la Ketaki lina nuksi. Shrirang alikuwa palepale, anamenya chungwa. Akanyamaza, akaendelea kumenya. Ketaki akahamia kwa kaka yake. Akapiga simu, hazikupokewa. Badala ya simu ikaja kesi: mke amenitoroka, naomba talaka.

Kesi za talaka huchukua miaka, huzeesha watu. Ndiyo maana Ketaki aliomba matunzo ya muda, apate pa kulala na cha kula mpaka hukumu. Asipopewa leo, wifi yake alishamwambia aondoe mkeka wake barazani. Na Shrirang alikuwa amejibu kwa kiapo: mke wangu ni fundi cherehani, anajitegemea.

"Hicho kipato ulichoniapia," Ketaki alisema, "ulikiona wapi?"

"Nilikuja kwa kaka yako. Nilikuja kukuchukua." Shrirang akameza mate. "Nikakuona dirishani, uko kwenye cherehani. Mikono mitupu, hata bangili moja! Nani huvua bangili za kijani, Ketaki? Mjane. Nikasema basi, ningali hai ameshanizika."

Ketaki akacheka, kicheko kibaya. "Kukuzika! Bwana wee, zilivunjika kwenye masufuria ya wifi, nikisugua. Nyingine ningenunua na nini? Na hilo cherehani ni lake. Namshonea blauzi ili anipakulie wali."

"Mbona hukuniambia?"

"Nilikupigia mpaka kidole kikaota sugu."

"Simu alikuwa anaishika—"

"Mama. Najua. Na mdomo wako, alikuwa anaushika nani?"

Mlango ulifunguliwa, wakaitwa.

Wakili Pathak wa Shrirang alinyoosha joho lake jeusi. "Mheshimiwa, mama huyu ana cherehani, ana wateja. Anataka tu kumkamua mteja wangu."

Jaji, mwanamke mwenye miwani iliyoning'inia kwa mnyororo, alimtazama Ketaki kizimbani. "Taja jina lako, na la mumeo."

"Ketaki." Kisha akafungua kinywa, akangoja ubeti uje kama ulivyozoea kuja. Haukuja.

"La mumeo, mama," karani akahimiza.

"Shrirang," alisema. "Shrirang Bapat."

Lilitoka kavu, kama la tarishi. Upande wa pili Shrirang aliinamisha kichwa kama aliyezabwa kofi. Halafu akasimama.

"Mheshimiwa, kiapo changu ni cha uongo."

Wakili Pathak akamvuta shati. "Kaa chini, we mtu!"

"Nimekaa vya kutosha. Hana kipato, mheshimiwa. Niliapa kwa hasira."

"Kuapa uongo ni kosa, unajua?"

"Najua."

Jaji aliandika kwa muda mrefu. Ketaki akapewa matunzo ya kila mwezi na gharama za kesi, mpaka hukumu. Shrirang atajieleza kuhusu kiapo siku nyingine. "Na talaka?" jaji akauliza. "Unaiondoa?"

Shrirang akamgeukia mkewe. Macho yalimjaa ombi.

"Kesi iendelee," alisema Ketaki.

Nje ya lango, kwenye vumbi na jua, Ketaki alimkuta mumewe amesimama mbele ya muuza bangili, mkononi ana za kijani.

"Zirudishe," alisema Ketaki. "Nikizitaka nitanunua."

Akazirudisha. Kisha, katikati ya mawakili na wauza machungwa, akapaza sauti kama bwana harusi aliyebanwa na mashemeji:

"Nilinyamaza nyumbani, ukaondoka Ketaki,
Naapa hapa njiani, kukutetea sichoki."

Hakuna aliyepiga makofi. Muuza bangili aliangalia pembeni.

"Ubeti mzuri," Ketaki alisema. "Lakini umeusomea vumbi. Aliyeniita nuksi hayupo hapa."

"Nikimwambia, utarudi?"

"Sijui. Mwambie kwanza."

Shrirang akafuta uso kwa kiganja. Safari hii hakufunga mdomo.

"Leo," alisema, "kabla sijavua viatu, nitamwambia mbele ya majirani wote kwamba mwanetu hakuuawa na nuksi ya mtu. Nakuahidi, Ketaki."